Sammy Baloji na mti wa Yangambi: nani amepewa sauti?

Wandugu, sisi wa agronomia tunaijua Yangambi kupitia kozi: INEAC, mwaka 1933, mbegu, mingazi. Sammy Baloji, mtoto wa Lubumbashi, ameingia pale kwa mlango mwingine. Filme yake *L'arbre de l'authenticité* ilipata zawadi maalum ya waamuzi kule Rotterdam mwaka 2025, na kwangu ingepaswa kuonyeshwa kwenye kila fakulte yetu.

Ili kumuelewa, rudi kwanza kwa *Mémoire*, 2006. Alichukua picha za zamani za wafanyakazi wa migodi, akawakata, akawabandika mbele ya mitambo iliyochakaa ya Gécamines. Maelezo marefu hakuna. Mtu wa wakati wa wakoloni anakutazama, nyuma yake vyuma vinaoza, hesabu unaifanya mwenyewe. Njo kazi yake mpaka leo: anaweka nyakati mbili karibu-karibu hadi zianze kubishana.

Huku Yangambi, anayesema kwanza ni Paul Panda Farnana. Diploma yake aliipata Vilvoorde, Ubelgiji, mwaka 1907. Mwaka 1909 akawa bustani ya Eala, karibu na Mbandaka ya leo. Alikufa 1930, miaka mitatu mbele ya INEAC kuanzishwa. Agronome mwenzetu kabisa! Nani kati yenu alilisikia jina lake darasani?

Kisha Abiron Beirnaert, Mbelgiji. Mwaka 1941, yeye na Vanderweyen walitoa maelezo ya jambo ambalo mashamba makubwa ya mawese duniani bado yanalitegemea: ukichanganya dura, yenye kokwa ya ganda nene, na pisifera isiyo na ganda, unapata tenera, ganda jembamba, nyama mingi, mafuta mingi.

Mwishoni mti wenyewe unasema. Kuna watakaocheka, mimi nimekubali. Leo Yangambi kuna mnara wa kupima kaboni ambayo msitu unavuta na kutoa, maana yake dunia nzima inamuuliza mti maswali. Basi ajibu.

Lakini kuna kitu kinanikwaza. Kuchanganya mingazi si kazi ya kalamu. Mtu anafunga ua ndani ya mfuko, anangoja siku zake, anarudi na chavua ya mungazi mwingine, na akikosea siku moja, jaribio ni bure. Mikono ile ilikuwa ya nani? Ya Wakongomani wa kibarua. Katika *Mémoire*, Baloji aliwaweka watu kama hao mbele kabisa, wanatutazama usoni. Hapa msomi amepewa sauti, Mbelgiji amepewa, mti umepewa. Kibarua hapana. Kwa msanii mwingine ningenyamaza, lakini yeye njo alitufundisha kuwatafuta kwenye picha.

Kama kuna mwenzetu ambaye babu yake alifanya kazi kwenye mashamba ya Yangambi, atuandikie hapa.