"Hasi na Hasi ni Chanya": Uhakiki wa Kauli Inayopotosha

Makala haya yanahakiki kauli moja inayosikika sana pale namba kamili zinapofundishwa kwa Kiswahili: "Hasi na hasi ni chanya." Kauli hii ni fupi na mwanafunzi huikariri kwa siku moja. Tatizo ni kwamba haisemi kile alichokusudia mwalimu.

Tuanze na neno "na". Mtoto akiulizwa "mbili na tatu ni ngapi?" hujibu "tano" bila kusita. Kwake, "na" kati ya namba mbili ni kujumlisha, na amelijua hivyo kabla hajaingia darasani. Sasa mpe swali hili: −3 + (−5). Akiitii kauli ya mwalimu, hasi tatu na hasi tano zitampa chanya nane, ilhali jibu sahihi ni −8. Mwanafunzi huyu atawekewa alama ya kosa, lakini kosa la lugha si lake.

Kanuni iliyokusudiwa inahusu matendo mawili tofauti: kuzidisha, kama −3 × −5 = 15, na kutoa namba hasi, kama 5 − (−3) = 8. Kauli imeyafumbata yote mawili, kisha ikalidondosha tendo lenyewe.

La kusikitisha ni kwamba Kiswahili kina utajiri tusioutumia. Alama ile moja ya "−" tumeipa majina mawili: "toa" ni tendo, "hasi" ni sifa ya namba. "Tano toa hasi tatu" inaeleweka mara moja. Huku Uganda, ambako wengi wetu tulisoma hesabu kwa Kiingereza, huwa tunasema "tano minasi minasi tatu", na tofauti hiyo hupotea.

Maana nayo ipo karibu. Anayedaiwa shilingi 3,000 dukani na 5,000 kwa jirani anadaiwa 8,000. Deni na deni havizai utajiri. Lakini mwenye duka akimfutia lile deni la 3,000, hali yake imepanda kwa 3,000, sawasawa na mtu aliyepewa fedha hizo mkononi. Mwaka 628 mwanahisabati wa Bara Hindi, Brahmagupta, alizieleza kanuni za namba hizi kwa maneno hayo hayo ya mali na deni. Mfano huu una mpaka wake, kwani deni mara deni ni vigumu kulipatia maana dukani. Hiyo ni sababu nyingine ya kulipa somo la kuzidisha nafasi yake.

Watakuwepo watakaoitetea kauli kwa kuwa hukumbukwa kwa urahisi. Ni kweli, na ndiyo maana madhara yake hudumu. Tunapendekeza kauli tatu, fupi vilevile:

Hasi jumlisha hasi ni hasi.
Kutoa hasi ni kujumlisha chanya.
Hasi mara hasi ni chanya.

Kila moja inataja tendo lake. Walimu wenzangu wa lugha, tusiseme kwamba hili ni la walimu wa hisabati peke yao. Kiunganishi "na" ni somo letu, na makosa yanayotokana nacho yanatuhusu.