Uhakiki: Marina Khan na Binti Anayecheka

Wenzangu mnaoshika kalamu, toleo hili naomba tuache kidogo riwaya na mashairi, tumtazame mwigizaji wa televisheni: Marina Khan wa Pakistani. Najua wapo watakaoguna. "Tamthilia? Hizo si za akina dada kusindikizia chakula cha usiku?" Subirini kwanza. Katika kazi zake mbili za miaka ya themanini kuna kitu ambacho miswada yetu mingi inakikosa: msichana anayecheka, na bado akabaki mtu mwenye akili, mwenye huzuni na mwenye mambo yake.

Historia nitaisema kwa kifupi. Marina alizaliwa 1962, baba Mpashtuni wa jeshi la anga, mama Mwingereza. Alianza 1984 katika filamu ya televisheni juu ya Rashid Minhas, rubani kijana aliyekufa 1971. Mwaka uliofuata akapewa nafasi ya Sania katika Tanhaiyaan, na 1987 akawa Daktari Zoya katika Dhoop Kinare. Zote mbili zilitoka kituo cha Karachi cha PTV, televisheni ya serikali. Zote ziliandikwa na Haseena Moin, mwalimu wa Karachi aliyegeuka mwandishi, na ambaye alifariki Machi 2021. Na zote ni fupi. Tanhaiyaan ina sehemu 13 tu, siyo hizi za siku hizi ambazo unazianza ukiwa huna mtoto, unazimaliza mtoto yuko darasa la kwanza.

Sasa tutazame wakati wenyewe, maana bila wakati hutaelewa kwa nini kicheko cha Sania kilikuwa na uzito. Jenerali Zia-ul-Haq alitwaa madaraka Julai 1977 na kutawala mpaka alipokufa katika ajali ya ndege Agosti 1988. Televisheni nchini ilikuwa hiyo moja ya serikali. Watangazaji wa kike waliamriwa kujifunika kichwa kwa mtandio kila wanapotokea kwenye kioo. Mmoja wao, Mehtab Rashdi, alikataa, na kipindi akakiacha. Mwaka 1984 ikaja sheria ya ushahidi iliyosema kwamba katika mikataba ya fedha, wanawake wawili ndio wanaotimiza nafasi ya shahidi mmoja mwanaume. Mwaka huohuo ndipo Marina alipoanza kuigiza.

Kwa hiyo piga picha. Nchi inaambiwa kuwa neno la mwanamke ni nusu ya neno, halafu kwenye kioo cha serikali hiyohiyo anaingia binti mwenye nywele fupi anayesema bila kungoja apewe ruhusa. Jina Tanhaiyaan maana yake ni upweke. Dada wawili, Zara na Sania, wanafiwa na wazazi wao katika ajali ya gari, wanakwenda kuishi na shangazi yao. Zara, aliyeigizwa na Shehnaz Sheikh, anakula kiapo cha kuinunua tena nyumba ya baba yao. Sania yeye anacheka. Anamchokoza Qabacha, anabishana, anadakia maneno ya watu. Msomaji mvivu atasema Zara ndiye mhusika, Sania ni kichekesho cha kupumzishia watu. Mimi nakataa. Zara amefiwa, Sania naye amefiwa vilevile. Kila mmoja anabeba msiba wake kwa njia yake, na ukimwangalia Marina vizuri utaona macho yake yanachelewa kidogo kucheka baada ya mdomo. Hayo mwandishi hayaandiki kwenye karatasi. Yaliletwa na mwigizaji.

Dhoop Kinare, kwa Kiswahili tuseme "ukingoni mwa jua", iliongozwa na Sahira Kazmi, na mume wake Rahat Kazmi ndiye aliyeigiza Daktari Ahmer, mkubwa wa Zoya kazini. Zoya ni daktari kijana aliye katika mafunzo ya vitendo hospitalini. Ahmer ni mkali, mkimya, mwenye jeraha la utotoni. Hapa ndipo Marina anaponimaliza kabisa. Zoya anapokaripiwa hatoi machozi wala hajibu kwa hotuba. Anaanza sentensi, anaivunja katikati, anaanza nyingine, anamalizia na jambo ambalo halikuulizwa. Ndivyo watu wanavyosema! Mimi Kiurdu sikijui, nilitazama huku nikisoma tafsiri iliyoandikwa chini ya picha, ingawa maneno kama dunia, kitabu, chai na gari yalikuwa yananipita sikioni kama ya nyumbani. Hata hivyo mazungumzo yake niliyaelewa kabla sijasoma tafsiri. Ukitaka kujifunza kuandika mazungumzo, zima sauti sehemu moja nzima umtazame huyu dada usoni.

Lakini uhakiki siyo kusifia tu, la sivyo tungeitana mashabiki. Kasoro zipo. Ya kwanza, ajali za bahati: Ahmer huyohuyo ndiye aliyelelewa na babu yake Zoya na kuachiwa mali yake. Karachi ni jiji la mamilioni ya watu, jamani! Ya pili ni nzito zaidi. Kadiri mapenzi yanavyokolea, ndivyo Zoya anavyopunguziwa maneno. Yule aliyeijaza wodi kelele anaanza kutazama madirishani. Udaktari wake nao unafifia, unabaki koti jeupe. Mwanaume aliyemzidi umri ndiye anayefundisha, binti ndiye anayekua. Naona Haseena Moin alifungua mlango mkubwa, kisha hadithi ya mapenzi ikaja ikaurudishia nusu. Marina anapigana nayo, mnamwona kabisa, mpaka sehemu za mwisho bado anachomeka utani mahali ambapo mkondo wa hadithi unataka kilio.

Je, baadaye? Aliendelea kuigiza, akageukia pia uongozaji, na 2012 akaongoza Tanhaiyan Naye Silsilay, mwendelezo wa ile ya zamani. Mwaka 2014 alikuwemo katika Jackson Heights, inayohusu wahamiaji wa Kipakistani New York. Lakini wakati huo soko lilishabadilika. Tangu milango ifunguliwe kwa vituo vya binafsi mwaka 2002, tamthilia zimekuwa nyingi, na mhusika mkubwa wa nyingi kati ya hizo ni mwanamke anayeonewa. Humsafar ya 2011 ilitikisa nchi nzima, na ndani yake mke anasingiziwa na mama mkwe mpaka anafukuzwa. Mahira Khan anaigiza vizuri, siwezi kumnyima haki yake. Ila ukitazama hiyo baada ya Zoya, unajiuliza: udikteta ulipita, vituo vikaongezeka, mbona kicheko kimepungua? Jibu langu ni kwamba machozi yanauzika kwa urahisi. Mwandishi hahitaji kumjua mwanamke ili amlize. Kumchekesha ndiyo kazi, maana mpaka ujue anawaza nini.

Na hapa narudi kwetu. Katika kikundi chetu tunasomeana miswada kila mwezi. Hesabuni wenyewe: msichana anapata mimba, anafukuzwa, anakufa, au anaolewa na mzee, analia, anakufa. Mhariri mmoja aliwahi kuniambia kuwa binti wa riwaya yangu, anayewatania wakubwa pale nyumbani, "hana heshima", nimpunguze maneno. Mimi ni wa kidato cha nne tu, sina shahada ya kumbishia, lakini kumpunguza sitampunguza. Kama Haseena Moin na Marina Khan waliweza kumpitisha Sania mbele ya wakaguzi wa Zia, mimi nashindwaje kumpitisha wa kwangu mbele ya mhariri mmoja mwenye kalamu nyekundu?

Sisemi tuache kuandika mateso. Yapo, tunayaona mtaani kila siku. Nasema hata binti mwenye mateso ana saa anayocheka na wenzake bombani mpaka ndoo inafurika, na saa hiyo nayo inataka mwandishi. Tazameni Tanhaiyaan kwanza, kisha Dhoop Kinare. Halafu mje na miswada yenu, tubishane.