Baiskeli Zinazofuata Maji

Saa 11 alfajiri, katika mkahawa wa kando ya barabara mjini Bến Tre, kusini mwa Vietnam, kiongozi wa msafara wetu hakuanza na baiskeli. Alianza na kalenda. Ni zile kalenda za kuchana ukurasa kila siku, ambazo huko hukosi kuziona ukutani: tarehe ya kawaida kwa maandishi makubwa, na chini yake, kwa maandishi madogo, tarehe ya mwezi mwandamo. Akasogea, akasoma ile ndogo, akatazama saa yake, kisha akamnong'oneza dereva maneno mawili matatu. Dereva akaitikia kwa kichwa, akamaliza supu yake na kuondoka na gari. Sisi wanane tulikuwa tunakoroga kahawa ya barafu, wala hatukujua kwamba safari ya siku nzima imepinduliwa mbele ya macho yetu.

Mimi nimezaliwa Tanga. Nilipoona kidole chake juu ya namba 16 sikuhitaji mkalimani. Mwezi umetoka kuwa mpevu, maji ni ya bamvua.

Safari za baiskeli za kuongozwa katika delta ya Mekong huuzwa kwa picha za minazi, mashamba ya mpunga na watoto wanaopunga mikono. Ukitazama picha hizo utadhani kazi kubwa ni baiskeli: fremu nzuri, tairi nzuri, mtu anayeijua njia. Baada ya siku mbili nyuma ya gurudumu la yule bwana naona kazi yenyewe ni unahodha. Baiskeli ndiyo sehemu nyepesi.

Bến Tre ilikuwa mkoa peke yake mpaka Julai 2025, ilipounganishwa na Vĩnh Long. Imekaa juu ya visiwa vitatu vikubwa vilivyojengwa na tope la mto, vimetenganishwa na matawi ya Mekong yanayokwenda kumwaga baharini. Delta nzima ina ukubwa wa kilomita za mraba 40,000 hivi, na ni bapa kama sinia. Utafiti uliochapishwa mwaka 2019 ulikadiria kwamba wastani wa kimo chake hauzidi sentimita 80 hivi juu ya usawa wa bahari. Hakuna mlima wa kupanda, na hilo ndilo linalowavuta wapanda baiskeli wa wikiendi kama mimi. Lakini nchi isiyo na mlima haina pia pa kukimbilia maji yanapopanda. Kwenye pwani ya mashariki, tofauti kati ya kujaa na kupwa huweza kupita mita 3, na maji hayo yakisukuma huingia mtoni makumi ya kilomita, mpaka kwenye mifereji midogo inayopita nyuma ya majiko ya watu. Sisi tulikwenda Novemba, mvua zikiwa ndiyo kwanza zinamalizika na mto wenyewe bado umeshiba. Miezi ya mwisho wa mwaka, bamvua likikutana na mto ulioshiba, njia za chini hufunikwa.

Hapo ndipo penye fundo. Safari hizi huchanganya baiskeli na boti, na viwili hivyo vinataka vitu vinavyopingana. Boti ndogo ya mfereji inahitaji maji. Yakipwa, inabaki imekaa kwenye tope kama kiboko. Njia ya baiskeli, ule utepe wa zege unaopita ukingoni mwa mfereji huohuo, inataka maji yakae mbali. Siku za kawaida wateja huanza kwa baiskeli asubuhi kukiwa na baridi, kisha jua likikaza wanaingizwa botini kupumzika kivulini. Ni mpango wenye akili, isipokuwa katika siku kama ile. Maji yalikuwa yamejaa alfajiri, yangepwa kabisa kwenye saa 6 mchana, na yangerudi jioni. Tungeufuata mpango wa kawaida, tungeendesha baiskeli ndani ya maji asubuhi na kupanda boti juu ya tope mchana.

Basi akaugeuza. Boti kwanza, wakati mfereji umejaa pomoni. Tutoke nayo mpaka mto Hàm Luông, tuvuke, tushukie upande wa Mỏ Cày. Huko tusubiri maji yashuke kidogo, ndipo tuanze kuendesha. Na tuwe tumefika tunakolala kabla hayajarudi.

Kwenye karatasi ni jambo la kubadilisha mistari miwili. Kiutendaji kila kitu kinahama. Gari lenye akiba ya maji, barafu, tairi na sanduku la dawa haliwezi kupita tunakopita sisi. Njia za zege nyingi zina upana wa mita moja na nusu au mbili. Kwa hiyo safari ina ramani mbili zilizolaliana: ya baiskeli na boti, inayokata nchi kama sindano, na ya gari, inayozunguka kufuata madaraja makubwa. Kazi ya mpangaji ni kujua ramani hizo zinagusana wapi, na saa ngapi.

Wateja husifu njia za vichochoroni na kuyabeza madaraja, ilhali madaraja ndiyo yaliyozifanya safari hizi ziwezekane kwa namna ya leo. La Rạch Miễu, linaloiunganisha Bến Tre na Mỹ Tho, lilifunguliwa mwaka 2009. La Hàm Luông likafuata 2010. La Cổ Chiên, la kwenda Trà Vinh, 2015. Kabla ya madaraja hayo gari lilipanga foleni kwenye pantoni kama watu wa Likoni, na hakuna aliyeweza kuahidi litafika mahali saa ngapi. Sasa dereva anazunguka kwa daraja na kutusubiri, miguu juu ya dashibodi, na tunafika kabla barafu haijayeyuka.

Kanuni aliyonieleza kiongozi ni nyepesi: wateja wasipitishe saa moja na nusu bila kufika mahali ambapo gari linaweza kuingia. Kundi la watu mchanganyiko, wengine wamezoea na wengine wamepanda baiskeli mara ya mwisho wakiwa shule ya msingi, huenda kilomita 12 mpaka 14 kwa saa likiwa kwenye mwendo. Ukijumlisha vituo vya kupiga picha, kukojoa na kuuliza bei za madafu, inabaki kama 8. Mpangaji anayetumia ile 14 atamfanya dereva asubiri bure, na wateja watapigwa na jua la saa 7 mahali pasipo na mti.

Boti ilikuwa ya mbao, injini yake na mhimili mrefu nyuma, na mwenye nayo alikuwa mzee ambaye kiongozi alimwita chú, yaani baba mdogo. Kivietnam, kama Kiswahili, hakikuachi umsemeshe mtu mpaka umempa undugu. Upakiaji wa baiskeli ndio niliokaa kuutazama kwa makini kuliko chochote. Ya kwanza iliegemezwa ubavuni, gurudumu la mbele likielekea tezi. Ya pili ikageuzwa, gurudumu la mbele likielekea omo, ili usukani mmoja usigongane na mwenzake. Kabla ya kuisogeza, fundi wa msafara alizungusha pedali ya ndani mpaka ikasimama juu, isije ikaingia kwenye njiti za gurudumu la jirani. Katikati akachomeka taulo kuukuu. Kichwa cha kwanza, mkia wa pili, pedali juu, taulo. Baiskeli kumi kwa muda usiozidi dakika saba, kisha kamba moja tu juu ya zote, kwa fundo linalofunguka ukivuta ncha. Watu tukakaa upande wa pili kuweka uzani sawa. Hakuna aliyepaza sauti.

Tulianza kuendesha saa 3. Zege bado lilikuwa na unyevu, na alama ya maji ilionekana kwenye mashina ya minazi, kiasi cha kiganja juu ya njia. Hapo kiongozi alitusimamisha kwa mara ya pili. Mara ya kwanza ilikuwa mjini, alipotufanya tubonyeze breki moja moja kujua ipi inashika mbele; baiskeli za mtindo wa Kiingereza hushika gurudumu la mbele kwa mkono wa kulia, nyingine nyingi ni kinyume, na mtu hujua tofauti hiyo akiwa tayari hewani. Pia alitukumbusha kwamba Vietnam wanakwenda kulia. Kwa mtu wa Kigali au Bukavu si habari. Mimi nilijikuta mara tatu ninakata kona kuelekea upande wa Tanga.

Mara hii ya pili alizungumzia ukungu wa kijani. Zege lililolala majini huota utelezi kwenye kingo, basi tukae katikati, tusikate kona kwa kulala na baiskeli, na mtoto akinyoosha kiganja tugongeane, tumpungie tu. Hili la watoto nilidhani ni ukali wa bure. Kisha mwenzetu mmoja akanyoosha mkono wa kulia, akabaki na wa kushoto kwenye breki, akaibana kwa hofu, na gurudumu la mbele likaondoka chini yake. Aliangukia upande wa bustani. Upande wa pili ulikuwa mfereji. Tulimfuta goti, yule mtoto akacheka mpaka akakaa chini, na tangu hapo kila mtu akawa anapunga kwa kidole kimoja bila kuachia usukani.

Msafara una kichwa na mkia. Kiongozi mbele, fundi nyuma kabisa, na fundi hampiti mtu hata akiombwa. Penye njia panda, kiongozi humwacha mteja aliyemfuata asimame kama kibao mpaka mkia ufike, kisha ajiunge mwishoni. Hivyo kundi linaweza kunyooka hata nusu kilomita bila mtu kupotea, na kila mmoja anapata zamu ya kuwa karibu na kiongozi na kumuuliza maswali. Tairi ikipasuka, fundi haweki kiraka njiani. Anabadilisha tyubu na kuviacha viraka kwa ajili ya jioni. Nilimhesabia: dakika sita.

Kitu pekee kinachofanana na mlima ni vidaraja vya mifereji. Vimepinda mgongo ili boti zipite chini, havina urefu ila vina ukali, na vingi havina ukingo wa kushika. Kosa la kila mgeni ni kubadilisha gia akiwa ameshaanza kupanda, mnyororo ukiwa umebanwa na uzito wa mwili mzima. Unalia, unakwama, mtu anasimama katikati, na anayemfuata hana pa kwenda. Gia inashushwa kabla, mita kumi nyuma, miguu ikiwa bado myepesi. Kufikia kidaraja cha kumi na tano tulikuwa tunafanya bila kuambiwa.

Vituo ndivyo vilivyonipa shaka. Kile cha pipi za nazi kimepangwa kama jukwaa: mama anakatakata, unaonja, unaongozwa kwenye rafu za kuuzia, unatoka. Makundi mawili yalikuwa yanatusubiri tumalize. Sina kinyongo na mtu kuuza pipi, ila dakika arobaini zilipotea pale siku ambayo maji yanakuhesabia dakika. Kituo bora kilikuwa kile ambacho hakikuwa kwenye mpango wowote, pale tairi ilipopasuka mbele ya ua uliojaa nazi. Vijana wawili walikuwa wanafua nazi kwa chuma kilichosimikwa wima ardhini, kifuo hasa, ncha juu, nazi inapigwa, inapindwa, makumbi yanaachia. Niliomba nijaribu. Nilifua nne, wakanitazama kama mtu aliyefufuka. Makumbi, waliniambia kwa ishara, yanakwenda kiwandani kusagwa nyuzi. Nikawaonyesha kwa mikono jinsi bibi zetu wanavyoyafukia ufukweni mpaka yaoze, kisha wanayaponda kupata usumba. Fundi alimaliza dakika sita zake, na kiongozi, kwa hisani, akajifanya hajaona.

Siku ya pili, upande wa Trà Vinh, tulikuta mpunga umeanikwa kwenye barabara yenyewe, nusu ya upana, na tukapita kwa mstari mmoja bila tairi kugusa punje. Huko ndiko wanakoishi Wakhmer wengi, wenye mahekalu yaliyozungukwa na miti mikubwa ya zamani, na kivuli chake ni cha kulala usingizi. Lakini siku ya kwanza ndiyo iliyonifunza.

Siku hiyo tulifika tunakolala saa 10 na nusu jioni, miguu mizito, shati likiwa halijakauka tangu asubuhi. Jasho la delta halikauki. Linabadilishana nafasi na unyevu wa hewani. Mwenye nyumba alikuwa anaiingiza pikipiki yake barazani. Nje, mfereji ulikuwa umeanza kulamba ukingo wa njia tuliyopita robo saa iliyotangulia. Kiongozi alitoka peku, akachutama, akachomeka kijiti cha nazi pale maji yalipofika, akarudi kuosha mnyororo. Baada ya muda akaenda tena. Kijiti kilikuwa ndani ya maji kiasi cha vidole viwili. Akasimama akikitazama, akahesabu kitu kichwani, kisha akaja mezani kututangazia kwamba kesho maji yatachelewa kwa kama dakika 50, hivyo chai si saa 11. Chai ni saa 12 kasoro dakika 10.