Hodi Barabarani

Neno usukani lilizaliwa baharini. Kabla motokaa haijafika pwani yetu, watu waliosafiri kwa majahazi baina ya Lamu, Zanzibar na Kilwa walilijua neno hilo, lenye asili ya Kiarabu, kuwa jina la ubao uliotungikwa tezini, ambao kwa kuugeuza kidogo tu mshika usukani alikielekeza chombo kizima, pamoja na shehena yake na roho za watu waliomo, kule alikokusudia nahodha. Gari lilipokuja, neno likapanda nchi kavu, likakalishwa juu ya gurudumu lililo mbele ya kifua cha dereva. Na kila nipitapo katika barabara kuu za siku hizi, zile zenye njia tatu au nne kwa kila upande, huwashukuru waliolihamisha, maana barabara ya namna hiyo ina tabia ya bahari kuliko tabia ya njia. Baina yako na jirani yako hapana ukuta ila mstari wa rangi nyeupe. Nyuso za wenzako huzioni, waona migongo ya magari yao. Na shari, ambayo katika barabara nyembamba humjia mtu usoni, hapa humjia ubavuni au kisogoni, kama wimbi litokalo upande asioutazama.

Barabara niijuayo kuliko nyingine ni ile ya Morogoro, katika kipande cha kilomita 19.2 kitokacho Kimara hadi Kibaha, ambacho kwa miaka mingi kilikuwa na njia mbili tu, ya kwenda na ya kurudi, kabla ya kupanuliwa kuwa barabara ya njia nane. Ndiyo ibebayo shehena za bandari ya Dar es Salaam kwenda Tunduma na Zambia, kwenda Rwanda, Burundi na Congo; ndiyo ya mabasi ya mikoani yatokayo stendi kuu ya Mbezi, na ya daladala, bajaji, pikipiki na wanafunzi wa miguu, wote katika saa moja ya asubuhi. Zamani dereva aliyetaka kulipita lori hapo Kibamba alitoka kidogo kuchungulia, akaona taa za ajaye, akarudi haraka nyuma ya lori, akatoka tena, akarudi tena, na moyo ukimwenda mbio. Hofu ndiyo iliyokuwa mwalimu wake. Barabara pana imeiondoa hofu hiyo, na aliyepata kuzika mtu kwa ajili ya kugongana uso kwa uso hawezi ila kushukuru. Lakini hofu ilipoondoka iliondoka na mafunzo yake, hata ikawa aendeshaye katika njia nane hana budi kujifunza kwa hiari adabu ambayo baba yake alifunzwa kwa kutishwa. Ustadi huo wa hiari ndio ninaotaka kuusifu.

Aliyenifumbua macho ni jirani yangu, mzee aliyeendesha malori ya masafa marefu kwa zaidi ya miaka thelathini, akauzoea mteremko wa Kitonga kama wengine wazoeavyo ngazi za nyumba zao. Siku moja alinichukua katika gari lake dogo, alfajiri, tukienda kuhani Mlandizi. Nilikuwa nimeshika kifuniko cha chupa ya chai, kimejaa chai ya tangawizi, na nikijilaumu kwa kuimimina ndani ya gari linalokwenda. Karibu na Temboni tulilikuta lori la saruji likijikokota katika njia ya kushoto, naye akataka kulipita. Jicho lake lilipanda kwenye kioo cha kati, likashuka kwenye kioo cha kulia, kidole kikaisukuma indiketa, ikaanza kulia tiki, tiki, tiki, naye hakuhama. Nilidhani ameghafilika. Kisha akageuza shingo, si macho peke yake bali shingo na kidevu, akatazama juu ya bega la kulia kwa muda usiozidi kupepesa, akarejesha uso mbele, na hapo ndipo usukani ulipokwenda upana wa kidole kimoja, na gari likateleza hadi njia ya pili. Nikaitazama chai yangu. Haikugusa ukingo wa kifuniko.

Nikamwuliza, “Mzee, mbona umekawia, na njia ilikuwa wazi?”

Akanijibu pasipo kuniangalia, “Mwanangu, indiketa ni hodi. Ukibisha hodi kwa watu hungojei uitikiwe?”

Nimeyapima maneno hayo tangu siku ile, na kila nikiyapima nayaona yamebeba elimu nzima. Abishaye hodi anakiri kwamba nyumba ina wenyewe. Na ahamaye njia anakiri kwamba nafasi iliyo ubavuni mwake, hata ikionekana tupu, huenda ina mwenyewe ambaye hajamwona. Vioo vya gari havionyeshi kila kitu. Upo upande wa ubavuni, nyuma kidogo ya bega la dereva, ambao kioo cha kati hakiufikii wala kioo cha pembeni hakiuoni, na upana wake watosha kuficha pikipiki na watu wake wawili. Mimi mwenyewe nilipata kuujua upande huo kwa aibu. Ilikuwa jioni, karibu na Mbezi, nimechoka na kazi, nikatazama kioo mara moja, nikaona lami tupu, nikawasha indiketa na kugeuza usukani kwa pamoja, kama mtu abishaye hodi hali mguu wake umekwisha vuka kizingiti. Nikasikia honi nyembamba chini ya dirisha langu. Alikuwa kijana wa bodaboda, amempakia mama mwenye mtoto mgongoni. Alijisukuma kulia, akayumba, Mungu akamsitiri, akasimama sawa. Hakunitukana. Alinitazama tu, na yule mama akanitazama, kisha wakaenda zao. Nami tangu jioni ile sijahama njia pasipo kuigeuza shingo yangu, wala sidhani kwamba nitaacha maadamu naweza kuigeuza.

Lakini hodi bila mwitikio ni kelele, na mwitikio wa barabarani ni nafasi. Hapa ndipo pahali pa mwanzo kabisa pa ustadi huu, na ndipo madereva wengi hushindwa, kwa kuwa nafasi iliyo mbele ya gari huonekana machoni pa mwenye haraka kuwa mali iliyotupwa. Mzee wangu aliipima kwa nguzo za taa. Gari la mbele likiipita nguzo, yeye huanza kuhesabu taratibu, mia na moja, mia na mbili, mia na tatu, na akiifikia nguzo ileile kabla ya kumaliza hesabu, huuinua mguu kwenye mafuta. Hesabu hiyo ina hoja yake. Gari liendalo kilomita 80 kwa saa, ambayo ndiyo kasi ya juu waliyoruhusiwa wenye mabasi na malori makubwa katika nchi yetu, hukata mita 22 kila sekunde; liendalo kilomita 100 hukata karibu mita 28. Kabla mguu haujafika kwenye breki, jicho lazima lione, akili iamue, mguu uinuke. Na katika muda huo mdogo gari limekwisha kula urefu wa nyumba kadhaa. Fauka ya hayo, kasi ikiongezeka maradufu, masafa ya kusimama baada ya kushika breki huongezeka mara nne, si mara mbili, wala hakuna uhodari wa mtu uwezao kuibadili sheria hiyo ya maumbile. Mvua ikinyesha huzidi tena, hasa mvua ya kwanza baada ya kiangazi, ambayo huchanganya vumbi na mafuta yaliyodondoka miezi mingi, ikaipaka lami utelezi kama wa mlenda.

Mtu atasema, kama nilivyosema mimi siku ile, kwamba katika Dar es Salaam ukiacha nafasi utachomekewa. Ni kweli. Tulichomekewa mara tano kabla ya kufika Kibamba, na kila mara mzee aliinua mguu kidogo, akaitengeneza nafasi nyingine nyuma ya yule aliyeingia, akaanza upya kuihesabu. Nilimwuliza kama haoni ghadhabu. Akasema kila aliyeingia amemrudisha nyuma kwa urefu wa gari moja, na kwamba magari matano ni sekunde chache, na msibani tuendako hakuna atakayetuuliza sekunde. Nilipofika nyumbani nikaifanya hesabu kwa kalamu: kutoka Kimara hadi Kibaha, aendaye kilomita 80 hutumia dakika 14 na kitu, na aendaye kilomita 100 hutumia dakika 11 na nusu. Yote yale ya kuwasha taa kali mgongoni mwa wenzao, na kutanua pembeni, na kupenya baina ya malori, ni kwa ajili ya dakika zisizofika 3, na hizo ni kama barabara ikiwa tupu, nayo si tupu kamwe.

Tena nafasi hiyo haimfai mwenye kuiacha peke yake. Wataalamu wa Japani, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2008, waliyapanga magari 22 katika duara la mita 230, wakawaambia madereva waende kwa kasi moja. Hapakuwa na ajali, wala taa, wala askari, wala kona mbaya. Na bado baada ya muda foleni ilijizalia yenyewe, kwa sababu mmoja alikaribia kidogo, akagusa breki, wa nyuma yake akaigusa zaidi, na wa nyuma yake zaidi tena, hata mmoja akasimama kabisa, na kule kusimama kukawa kunasafiri kinyumenyume kama wimbi. Mara ngapi nimekaa katika foleni ya Kimara, nikafika mwisho wake, nisione gari lililoharibika wala lililogonga! Aachaye nafasi hulimeza wimbi hilo: gari la mbele likipunguza, yeye huinua mguu tu, taa zake za breki haziwaki, na kumi walio nyuma yake hawajui kwamba wametendewa jamala.

Juu ya njia ya kulia sitasema mengi. Ni ya kupitia, si ya kukaa. Umpitaye umpite, ukikwisha kumwona mzima katika kioo cha kati, urudi kushoto kwa hodi ileile. Na mwenye lori apewe haki yake zaidi ya wote, kwani kimo chake humnyima kuona yaliyo chini ya pua ya gari lake, breki zake hungoja upepo usafiri katika mabomba hadi magurudumu ya nyuma, na mzigo nyuma yake humsukuma mbele hata akiwa amekwisha kukanyaga. Achomekaye mbele ya lori lenye tani 30 huiba nafasi ambayo mwenyewe aliiweka kwa ajili ya uhai wa watu wasiomjua. Mzee alinipa alama moja, nami naishika: ikiwa huvioni vioo vya lori, aliye ndani yake hakuoni wewe.

Liko jambo zito kuliko yote haya. Barabara pana imepita katikati ya vijiji vya watu. Msikiti uko huku na madrasa kule, shule huku na nyumba kule, na mtoto ambaye jana alikata njia mbili leo anakata nane. Kwenye kivuko cha Kibamba, gari la njia ya kushoto likisimama, wa njia ya pili huliona limesimama bila sababu, akalipita. Na sababu yenyewe ni mtoto aliyefichwa na ubavu wa gari lile, ambaye sasa anachomoza akitabasamu kwa kuwa amepewa njia. Nawasihi wasomaji walikariri hili usiku na mchana: gari la jirani likisimama nawe huoni kwa nini, simama. Siku ile mzee alisimama hivyo. Sisi tulikuwa njia ya pili, daladala ya kushoto kwetu imesimama, nami sikuona kitu. Naye akaiwasha taa ya hadhari ili wa nyuma wajue, akauweka mkono wake mbele ya kifua changu kama tulivyokuwa tukifanyiwa utotoni. Wakatoka wasichana wawili wa sare, mmoja amemshika mwenzake kidole kidogo, mabegi yakiwapiga mgongoni. Waliivuka njia yetu, wakaingia ya tatu, na gari la njia ya tatu, lililokuwa likija mbio, likaona sisi wawili tumesimama, likasimama nalo.

Hatukusema neno hadi Kiluvya. Tulipokaribia Kibaha, palikuwa na kazi ya ujenzi, na njia zikakusanywa kwa mapipa mekundu kuwa moja. Magari yalisongana, kila mmoja akiificha pua yake katika mkia wa mwenziwe asije akaingiliwa. Kushoto kwetu lilikuwapo basi la mkoani, limejaa, indiketa yake ikipepesa tangu mbali, na hakuna aliyelijali. Mzee aliinua mguu. Gari la mbele likaenda, lami ikafunguka mbele yetu, mita kumi, mita kumi na tano. Wa nyuma akapiga honi ndefu. Mzee akamulika taa mara moja, na basi likaanza kuingia polepole, dirisha baada ya dirisha, na nyuso za abiria waliolala zikipita mbele ya kioo chetu; naye, kwa sauti ambayo dereva wa basi asingeweza kuisikia, akasema, “Karibu.”