Shujaa Anayeumia: Mwili na Kicheko katika Filamu za Jackie Chan

Wengi wanapomjadili Jackie Chan huanza na Bruce Lee, kisha humwona Chan kama mchekeshaji aliyerithi kiti cha marehemu. Makala haya yanapinga mtazamo huo. Kiti hicho Chan alikalishwa kwa nguvu, kikamshinda, akaenda kutafuta chake.

Lee alifariki Hong Kong mwaka 1973. Miaka mitatu baadaye mwongozaji Lo Wei alimpa Chan nafasi kuu katika New Fist of Fury, akitaka uso wa hasira na ngumi isiyokosea. Haikufaulu, na si ajabu. Mwili wa Chan ulikuwa umefinyangwa kwingine: kwa takriban miaka kumi ya utoto wake aliishi katika shule ya opera ya Peking ya Mwalimu Yu Jim-yuen, ambako watoto walifunzwa kuimba, kupinduka, kupigana kwa mpangilio na kuvumilia kiboko. Opera hiyo humtaka mchezaji aweze kuwa shujaa na pia kuwa kichekesho. Lo Wei aliona nusu moja tu.

Nusu ya pili ilijitokeza mwaka 1978, Chan alipofanya kazi na mwongozaji Yuen Woo-ping katika Snake in the Eagle's Shadow, kisha Drunken Master. Nitakaa kidogo kwenye hii ya pili. Wong Fei-hung alikuwa mtu wa kweli, tabibu na bingwa wa mapigano kutoka Guangdong, na tangu 1949 Kwan Tak-hing alikuwa amemwigiza katika makumi ya filamu kama mtu mzima mwenye busara na adabu. Chan anamgeuza kijana mtukutu na mvivu, anayepigwa hata na shangazi yake. Mafunzo yake ni adhabu: ananing'inia kichwa chini, akichota maji kwa vikombe vidogo na kuyapandisha hadi kwenye ndoo ya juu. Tunacheka, lakini tumbo linalojikunja na kujikunjua pale ni lake mwenyewe. Katika pambano la mwisho anauhitaji mtindo wa nane, wa Bibi Ho, ambao hakuufanyia mazoezi kwa kuuona wa kike mno. Inambidi aubuni papo hapo, na kwa huo huo alioudharau anamshinda adui. Anayeiita filamu hii ramsa tupu ameisoma nusu.

Sisi tuliosoma tendi tunamjua shujaa wa aina nyingine. Fumo Liyongo hakudhurika ila kitovuni. Kwa Chan mwili mzima ni kitovu. Akipiga ngumi, anaupuliza mkono wake. Akirukia meza, meza inamlipa. Hapo ndipo taharuki yake inapotoka: hatuulizi kama atashinda, tunauliza itamgharimu nini. Katika Project A (1983) anaachia mshale wa saa ya mnara na kuanguka hadi chini, huku akipunguzwa kasi na vitambaa vya kivuli tu. Katika Police Story (1985), aliyoiongoza mwenyewe, anateleza kwenye nguzo iliyozungushiwa taa ndani ya jengo la maduka, na tukio hilo linarudiwa kwa pembe tofauti ili mtazamaji asiseme ni uongo wa kamera. (Katika vibanda vya video vya Kampala, ambako VJ hutafsiri filamu kwa Kiganda huku akitia chumvi, hapa ndipo hata VJ huishiwa maneno.)

Hata hivyo, ukweli huo una kasoro yake. Chan alizoea kumalizia filamu kwa vipande vilivyokosewa, na katika Armour of God (1986) tunaonyeshwa ajali ya Yugoslavia, alipoanguka kutoka mtini na kuumia fuvu la kichwa hadi akafanyiwa upasuaji. Jeraha limekuwa sehemu ya bidhaa. Mbaya zaidi, walioumia pamoja naye, wale wanaopita ndani ya vioo na kudondoka kutoka kwenye basi, majina yao hupita haraka kwenye skrini huku watu wakiinuka kuondoka. Sifa ya maumivu anabaki nayo mmoja.

Hollywood ilitatua tatizo hilo kwa njia mbaya. Rush Hour (1998) ilimpa umaarufu wa dunia, lakini mapigano yake yamekatwakatwa vipande vifupi, na kicheko kikubwa kinatoka mdomoni mwa Chris Tucker. Kwa maoni yangu, tuzo ya heshima ya Oscar aliyopewa mwaka 2016 ilikuwa ya kazi ya Hong Kong.

Limebaki suala la wanawake, na hapa simtetei Chan. May, anayeigizwa na Maggie Cheung katika Police Story, ni mwigizaji mzuri aliyepewa kazi ya kununa na kungoja. Katika sehemu ya pili (1988) anatekwa. Bibi Ho amesahauliwa. Mambo yanabadilika katika sehemu ya tatu (1992), iliyoongozwa na Stanley Tong, pale Michelle Yeoh anaporusha pikipiki na kutua juu ya garimoshi linalokwenda. Tazama pia vipande vya mwisho vya filamu hiyo. Yeoh anabiringika kutoka kwenye gari hadi barabarani, Chan ananyoosha mikono kumdaka, anamkosa.