Wino wa Kuoshwa

Makaa husagwa mpaka vidole visihisi tena chembe. Gundi ya mgunga hulowekwa pembeni, na ikishalainika huchanganywa na yale makaa, kisha maji hutiwa kidogo kidogo. Wengine hutia maziwa. Huo ndio wino wa dugsi, chuo cha Kurani cha Wasomali, na pale Tarbaj, kaskazini mwa Kenya, niliuona ukitengenezwa na mvulana ambaye hakuhitaji kipimo. Alichovya kijiti, akakiinua, akaangalia jinsi tone linavyoiachia ncha. Lilipoanguka upesi mno aliongeza gundi. Lilipogoma kuanguka aliongeza maji.

Makaa yanaleta weusi tu. Kazi ngumu imeachiwa gundi. Gundi ndiyo inayozibeba chembe za makaa zisizame chini ya chupa. Ndiyo inayoushikisha wino kwenye ubao, ukakauka na mng'ao kidogo. Na ubao ukishamwagiwa maji, gundi hiyohiyo inalainika upya na kuachia, mti ukabaki safi, tayari kwa somo jingine. Wino wa kalamu ya dukani ungezama ndani ya mti ukakaa humo milele. Mtu aliyeubuni wino wa dugsi alijua anataka nini hasa: maandishi yanayodumu kwa muda wa somo moja, basi.

Gundi yenyewe haitoki mbali. Wajir, kama zilivyo Mandera, Isiolo, Marsabit na Turkana, ni nchi ya migunga. Wafugaji huikusanya gundi hiyo wakati wa kiangazi, na nyingi husafirishwa ng'ambo, ikaenda kuingia kwenye soda, peremende na vidonge vya hospitali. Ile kidogo inayobaki nyumbani huingia katika chupa za wino za watoto. Kwangu mimi hayo ndiyo matumizi yake bora.

Tarbaj iko kaskazini ya mji wa Wajir, kwenye barabara ya kwenda Kutulo, El Wak na Mandera. Wasafiri wengi huipita. Mimi nilikaa, nikamwomba macalin mmoja (ndivyo mwalimu wa dugsi anavyoitwa) anifundishe kuandika kwenye ubao kama anavyomfundisha mtoto aliyeletwa jana. Kusoma nilisomeshwa utotoni huko pwani, kwa msahafu wa kuchapwa. Mkono wangu haukuwahi kufundishwa. Alikubali bila maneno mengi, akanionyesha pa kukaa katikati ya watoto, akanipa ubao. Wenyewe huuita loox: kipande kirefu cha mti kilicholainishwa pande zote mbili, chenye mpini wa kushikia. Ule niliopewa ulikuwa umeshikwa na mikono mingi kabla ya wangu, na pale mpinini mti ulikuwa umekoza rangi.

Kwingineko pia mgeni hufundishwa mkono: msafiri anayefika Kyoto siku hizi anaweza kulipia somo fupi la hati ya Kijapani, shodo. Atasugua kipande cha wino mkavu kwenye jiwe lenye maji, ataandika kwa brashi, na atarudi nyumbani na karatasi yake mkobani. Wino wa kule nao ni masizi na gundi, ila gundi yao hutokana na wanyama, na katika mji wa Nara kuna nyumba iitwayo Kobaien inayotengeneza wino wa namna hiyo tangu 1577. Mwanafunzi wa kule hufunzwa herufi moja ambayo ndani yake mna michoro minane ya msingi, ili mkono upite njia zote kuu kwa mara moja. Natamani siku moja mwalimu wa Nara na macalin wa Tarbaj wakae pamoja, kila mmoja na wino wake. Wangeelewana bila mkalimani.

Tarbaj unaanza na alifu, mstari mmoja wa kusimama. Kalamu ni kijiti kilichochongwa kwa kisu, ncha yake bapa, imekatwa mshazari. Kalamu ya namna hii haitoi mstari mnene kwa sababu umeikandamiza. Unene unatokana na upande inakoelekea: ukiivuta kukatiza upana wa ncha mstari unatoka mnene, ukiitelezesha kufuata ukingo wa ncha unatoka mwembamba. Kwa hiyo kazi ya anayejifunza ni kuishika kalamu kwa pembe ileile mwanzo hadi mwisho na kuuacha mkono usafiri. Alifu yangu ilipoanza kuvimba kiunoni, macalin aliinama, akanishika kifundo cha mkono.

“Usibonyeze, ndugu yangu. Ukibonyeza, mti unakunywa.”

Ni kweli, mti unakunywa. Kalamu ikikandamizwa inakwaruza ubao, na wino unaingia katika ule mkwaruzo usitoke tena hata uoshwe vipi. Ubao wa mtoto mzito wa mkono unajulikana kwa mistari ya kijivu iliyobaki ndani yake.

Kisha ikaja be. Mwone macalin akiiandika. Anaigusa ncha upande wa kulia, anateremka kidogo, halafu mkono mzima unateleza kwenda kushoto, kuanzia begani, vidole havichezi hata kimoja. Tumbo la herufi linabonyea kidogo sana kabla halijainuka kwenye ncha ya mwisho. Wino umepungua kufikia hapo, kwa hiyo ile ncha ya mwisho ni nyepesi kuliko ilipoanzia, na unaweza kusoma katika rangi hiyo jinsi mkono ulivyokwenda. Anarudi, anaweka nukta chini. Haizungushi. Anailaza ncha ya kalamu, anaiburuta upana wake mwenyewe, anainua, na nukta inatoka na pembe nne. Ibn Muqla, waziri wa Baghdad aliyefariki mwaka 940, aliifanya nukta hiyohiyo kuwa kipimo cha hati nzima: alifu ina urefu wa nukta kadhaa, na kutokana na alifu herufi nyingine zinapata vipimo vyao. Pale chini ya kibanda cha Tarbaj hakuna aliyekuwa akihesabu nukta, lakini be ya macalin ilisimama sawa kila alipoirudia, kwa sababu kijiti kilichokatwa vizuri kinabeba kipimo chake katika ncha.

Irabu nazo zina mtindo wao wa kufundishwa, na huu Wasomali wanao wenyewe. Badala ya kumtwisha mtoto majina ya Kiarabu ya fat-ha, kasra na dhamma, humwimbisha kwa Kisomali: alif la kordhabay, alif la hoosdhabay, alif la godey, alama ya juu, ya chini, na ile iliyokunjwa. Mapokeo yanasema mtindo huo uliwekwa karne nyingi zilizopita na Sheikh Yusuf al-Kawneyn. Mtoto anashika umbo na sauti kwa pamoja, katika lugha aliyonyonya. Nikiwa mtu niliyesumbuka na majina hayo utotoni, nauona mtindo huu kuwa kazi ya mwalimu hodari sana.

Na kelele! Kila mtoto anasoma somo lake mwenyewe kwa sauti ya juu, mmoja yuko katika sura fupi za mwisho, mwenzake yuko katikati ya al-Baqara, wote kwa wakati mmoja. Mgeni anasikia vurumai. Macalin, huku akinichongea kalamu, alitamka neno moja bila kuinua macho, na msichana wa upande wa pili akarudia aya yake, safari hii kwa irabu iliyo sahihi. Sikio kama hilo halipatikani kwa mwaka mmoja wala miwili.

Somo likishahifadhiwa na kusomwa mbele ya mwalimu, ubao unaoshwa. Maji Tarbaj si ya kuchezea. Kuanzia mwishoni mwa 2020 misimu mitano mfululizo ya mvua ilikatika katika nchi hii ya kaskazini, mifugo ikafa kwa wingi, na kila mtu anakumbuka. Kwa hiyo ubao hauoshwi kwa ndoo. Maji kidogo ya bakuli humiminwa juu, kiganja kinasugua kuelekea chini, wino unateremka mweusi, kisha kijivu. Maji hayo hayamwagwi njiani yakakanyagwa. Yamebeba maneno ya Mungu, hivyo humwagwa mahali pa heshima. Ubao unaegemezwa juani. Kwa jua la Wajir, haukawii kukauka.

Nilimuuliza macalin kama haimuumi kuona hati nzuri ikiteremka na maji. Alilifikiria swali langu kwa adabu. “Imeshaingia,” alisema, akagusa kifua cha mtoto aliyekuwa karibu naye.

Afrika Mashariki ina hati nyingine, iliyotengenezwa ili ikae. Mafundi wa Siyu, katika kisiwa cha Pate, walinakili misahafu ya wino mweusi, mwekundu na wa manjano yenye mapambo ambayo leo wataalamu huyasafiria. Hata ule msahafu wa Madina unaoonekana karibu kila msikiti ulianza kwa mkono wa mtu: Uthman Taha, mwandishi wa Syria aliyezaliwa 1934 na kupewa ijaza, yaani idhini ya ufundi wa hati, na Hamid Aytaç wa Istanbul. Mwaka 2021 UNESCO iliiweka hati ya Kiarabu katika orodha ya urithi wa binadamu. Nilifurahi, lakini mtu akizungumzia hati hufikiria karatasi, dhahabu na kuta za misikiti mikubwa. Ubao wa dugsi haumjii akilini, kwa kuwa haukuacha kitu cha kutundika. Mimi nadai uwekwe katika safu hiyohiyo. Ufundi upo wote: wino unaopimwa kwa tone, ncha inayokatwa kwa jicho, pembe isiyobadilika, pumzi inayodhibitiwa mpaka mstari uishe.

Na kuna jambo ambalo hata fundi wa msahafu wa dhahabu si lazima awe amelifanya. Mwanafunzi anayefika mwisho katika dugsi ya namna hii ameziandika sura zote 114 kwa mkono wake, kipande baada ya kipande, na kila kipande amekiosha alipokwisha kukihifadhi. Kijana mmoja aliyehitimu alikuja kumsaidia macalin nilipokuwa pale. Macalin alimpa ubao mkavu, akamtajia mwanzo wa aya moja tu. Kijana alichovya kalamu, akajaza upande wa kwanza, akaugeuza, akaendelea, msahafu ukiwa umefunikwa rafuni.