Fundi wa Mahali Pasipo Mlango

Lawrence Beesley, mwalimu wa sayansi, aliokoka Titanic ilipozama mwaka 1912. Miaka zaidi ya arobaini baadaye, akiwa mzee anayekaribia 80, alijipenyeza katikati ya waigizaji kwenye seti ya filamu siku ilipokuwa ikipigwa picha meli hiyo ikizama. Safari hii alitaka azame nayo. Mwongozaji, Roy Baker, alimwona, akamtoa, kwa kuwa kanuni za chama cha waigizaji hazikuruhusu. Mwongozaji mwingine angemwachia apite, apate na kisa kitamu cha kuwasimulia waandishi wa habari. Baker alikuwa na kazi mbele yake.

Filamu hiyo ni A Night to Remember ya mwaka 1958. Wengi wetu tuliijua Titanic kwa filamu ya James Cameron, na mtu aliyezoea mapenzi ya sitahani atashangaa kukuta humu hakuna wapenzi wa kuwafuata wala almasi ya kutafutwa. Kuna meli, kuna saa, na kuna watu wengi mno, karibu wote wakionekana kwa muda mfupi tu. Eric Ambler, mwandishi wa riwaya za kijasusi, aliiandika kutoka kitabu cha Walter Lord. Kazi ya Baker ilikuwa kuhakikisha mtazamaji hapotei: ajue yuko sitaha ipi, nani ameshapata habari na nani bado.

Tazama anavyoipanga habari hiyo isambae. Meli inagonga siwa barafu saa tano na dakika arobaini usiku. Thomas Andrews, aliyeisanifu, anashuka kukagua, anarudi kwa nahodha na kumweleza kwa ramani ya meli: maji yameingia vyumba vingi kupita kiasi, yatafurika kutoka kimoja hadi kingine, na meli itazama. Anaeleza kama mhandisi, bila kupaza sauti. Kuanzia hapo kuna watu wawili wanaojua, na nje abiria wa daraja la tatu wanaupiga mpira kwa vipande vya barafu vilivyoangukia sitahani. Baker hawacheki, wala hatuambii tuwasikitikie. Anahamisha kamera tu, kutoka kwa anayejua kwenda kwa asiyejua, tena na tena, na muziki ni haba. Hofu inatupata kwa sababu sisi tumewekwa upande wa wanaojua.

Halafu kuna suala la sakafu. Utamwonyeshaje mtazamaji kwamba chombo kikubwa kiasi kile kinainama, naye amekaa kwenye kiti kilichonyooka? Baker anaanza na vitu vidogo. Katika ukumbi wa kulia chakula ambao hauna mtu tena, kitoroli cha vyakula kinaanza kutembea chenyewe. Hakuna anayekisukuma, hakuna anayepiga yowe. Kila tukirudi ndani, mwinamo umezidi kidogo, mpaka watu wanatembea kama wanaopanda mlima. Nadhani kitoroli kile kinatisha kuliko bomba lolote linalopasuka katika filamu zilizokuja baadaye.

Baadhi ya picha za nje zilipigwa Faslane, Scotland, kwenye Asturias, meli kuukuu iliyokuwa ikivunjwa kuwa chuma chakavu. Upande mmoja tu ndio uliofaa kamera. Walipohitaji upande wa pili walitumia kioo, na maandishi yakapakwa kinyumenyume ili kiooni yasomeke sawa. (Kosa kubwa la filamu, kwamba meli inazama nzima bila kukatika, halikuwa la Baker: mabaki hayakupatikana hadi 1985.)

Baker alizaliwa London mwaka 1916. Aliingia studio za Gainsborough akiwa kijana wa kutumwa, na kufikia 1938 alikuwa miongoni mwa wasaidizi wa Alfred Hitchcock katika The Lady Vanishes. Wakati wa vita alitengeneza filamu za jeshi, na huko ndiko alikofahamiana na Ambler, ambaye baada ya vita alimpa filamu yake ya kwanza, The October Man, ya 1947.

Orodha ya kazi zake inachanganya. Nyambizi, jangwa, ndoa ya watu wa rangi mbili katika Flame in the Streets, vipindi vya televisheni kama The Avengers, kisha wanyonya damu wa kampuni ya Hammer. Ni kama fundi cherehani anayeshona kanzu asubuhi na sare za shule jioni. Wahakiki waliopenda waongozaji wenye alama ya kudumu hawakujua wamweke wapi, na wengi wakaamua kutomweka popote. Mimi naona alama ipo. Mpe Baker mahali ambapo watu hawawezi kutoka, naye atakuonyesha kila pembe yake.

Katika Morning Departure, ya 1950, nyambizi inalala chini ya bahari na watu kumi na wawili wamo hai. Vifaa vya kupumulia vinatosha wanane. Wanapiga kura kwa karata. Mtu angeweza kugeuza hali hiyo kuwa mashindano ya kulia, lakini Baker anaiacha kamera karibu na nyuso za John Mills na wenzake na kuwaacha wazungumze mambo ya kawaida. Mwezi mmoja tu kabla filamu haijatoka, nyambizi halisi, Truculent, ilizama mlangoni mwa Mto Thames na mabaharia wengi wakafa. Kuionyesha filamu wakati huo kulihitaji ujasiri, na utulivu wake ndio uliofanya iweze kutazamika.

Huko Hollywood, Baker alimweka Marilyn Monroe katika chumba cha hoteli kama yaya aliyevurugika akili, katika Don't Bother to Knock ya 1952, na hapo Monroe anaigiza vizuri kuliko alivyosifiwa. Mwaka uliofuata akafanya Inferno, filamu ya 3D ya kutazamwa kwa miwani maalumu, wakati wenzake wengi walikuwa wakitupia watazamaji mikuki na mawe usoni. Yeye aliutumia ujanja huo kuonyesha kina cha jangwa: tajiri aliyevunjika mguu, ameachwa na mkewe afe, na mbele yake mchanga usio na mwisho. Ukubwa wa jangwa nao ukawa chumba kilichofungwa.

Alianguka pia. The Singer Not the Song ya 1961, ambamo Dirk Bogarde ni jambazi wa Meksiko aliyevaa suruali ya ngozi, ilichekwa, na milango ya filamu kubwa ikaanza kumfungia. Alikwenda kwenye televisheni. Aliporudi sinema mwaka 1967, sasa akitumia jina Roy Ward Baker ili asichanganywe na Roy Baker mwingine wa tasnia hiyohiyo, alirudi na Quatermass and the Pit. Wajenzi wa reli ya chini ya ardhi London wanafukua mafuvu, kisha kitu wanachokidhania bomu la Wajerumani. Kwa muda mrefu hakuna kinachotokea ila watu kuondoa udongo na kubishana, wanasayansi huku na wanajeshi kule, na kila udongo unapopungua kitu kile kinazidi kutofanana na bomu.